Galari inataka nichangie kitabu cha maonyesho yangu ya kwanza, nikubali?

"Shikamoo. Mimi ni mchoraji, nina miaka 31, nakaa Dar ila nyumbani ni Mwanza. Imebaki miezi mitano nifanye maonyesho yangu ya kwanza peke yangu, yatakaa wiki tatu, picha 22 za kina mama wa dagaa pale soko la Mwaloni Kirumba. Nachora kwa rangi za kopo zile za kung'aa juu ya hadibodi. Mwenye galari anasema maonyesho bila kitabu hayana uzito, anataka kitabu cha kurasa 96, jalada gumu, nakala 500, gharama milioni 9, yeye atoe asilimia 40 na mimi 60 ikatwe kwenye mauzo yangu. Kwenye mauzo yenyewe anachukua asilimia 40. Picha nauza kama laki tisa moja. Kwenye mkataba kuna sehemu inasema picha zote zitakazopigwa kwa ajili ya kitabu pamoja na haki zake ni za galari. Picha tano kati ya hizo 22 nshaziuza zamani, ziko kwa watu. Rafiki yangu mmoja anasema niachane na kitabu, nipige na simu nitengeneze PDF tu, mwingine anasema kitabu chenye ISBN ndo kinalinda kazi zisiibwe na bei ya picha inapanda. Nimechanganyikiwa, na nikikataa naogopa nitaonekana sijielewi. Nifanyeje?"

Marahaba mdogo wangu. Nimeisoma meseji yako mara mbili nikaona hii siijibu kwa mistari miwili, manake umeuliza swali moja lakini ndani yake yako kama sita, na lile la mkataba ambalo umelipitisha katikati kama kitu kidogo ndo kubwa kuliko yote. Mimi nilianzia kwenye press Chang'ombe nikiwa kijana wa kukata karatasi, nikaja kuwa mpanga kurasa, sasa miaka mingi nahariri na kusimamia vitabu vya maonyesho, kwa hiyo nimeviona vikizaliwa na nimeviona pia vikifia kwenye maboksi chini ya kitanda cha msanii.

Tuanze na hofu yako. Ukiuliza bei, idadi ya nakala na nani anabaki na nini, huonekani mshamba, unaonekana mtu anayejua kazi yake ina thamani. Mwenye galari naye sijasema ni mtu mbaya, inawezekana anapenda kweli kazi zako na anaota kitabu kizuri, wengi wao wako hivo. Ila ndoto hii anaiotea kwenye mfuko wako.

Chukua kalamu tupige hesabu. Picha moja laki tisa, galari inachukua asilimia 40, kwako inabaki laki tano na arobaini. Mchango wako kwenye kitabu ni asilimia 60 ya milioni 9, yaani milioni tano na laki nne. Gawanya. Ni picha kumi kamili. Mpaka uuze picha kumi hujaona hata shilingi, na za kuuza huna 22 bali 17 kwa sababu tano zina wenyewe. Maonyesho ya kwanza kuuza picha kumi kati ya 17 inatokea, nimeshaona, lakini nimeona zaidi ya mara moja msanii akiuza nne au tano na kurudi nyumbani akiwa na deni na maboksi. Na angalia kitu kingine, yeye asilimia 40 yake ya mauzo inaingia kuanzia picha ya kwanza. Kwenye picha hizohizo kumi ambazo wewe hupati kitu yeye anapata milioni tatu na laki sita, ambayo ndiyo hasa asilimia 40 ya milioni 9. Yaani mchango wake wa kitabu unarudi wote kutoka kwenye picha zako. Sidhani alipanga hivo kwa makusudi, namba zimeangukia hivo tu, lakini mkikaa mezani mwonyeshe hiyo karatasi, itazungumza vizuri kuliko maneno.

Sasa hili la kusema kitabu kinapandisha bei. Watu wanaona msanii mkubwa ana kitabu kinene na picha zake ni ghali, wanafikiri kitabu ndo kimeleta bei, kumbe mambo yamekwenda kinyume chake. Wangechi Mutu, mzaliwa wa Nairobi, alifanyiwa maonyesho makubwa New Museum kule New York mwaka 2023, na kitabu cha maonyesho kama yale kinakuja juu ya kazi ya zaidi ya miaka ishirini ambayo watu walikuwa wanaifuatilia tayari. Michael Armitage, naye wa Nairobi, yule anayechora juu ya lubugo, kitambaa cha gome la mti kutoka Uganda, alipofika jumba la sanaa la Haus der Kunst kule Munich mwaka 2020 halafu lile la Royal Academy London 2021, kitabu kilikuwa cha taasisi. Kwa kawaida kwenye maonyesho ya aina hiyo gharama inabebwa na makumbusho au mchapishaji, hawamkati msanii kwenye picha zake. Kitabu kinaenda pale ambapo hamu ipo. Kukitanguliza ili kikatafute hamu ni kama kununua sufuria la pilau la watu mia tano kabla hujajua wageni watakuja wangapi.

Lakini usinielewe vibaya ukasema basi kitabu hakina maana. Kina maana sana, ila siyo ile uliyoambiwa. Maonyesho yako ni wiki tatu, baada ya hapo ukuta unapakwa rangi nyeupe na picha zinatawanyika, nyingine zinapanda ndege huzioni tena. Kinachobaki ni rekodi. Kuna maonyesho yalifanyika galari ya Whitechapel London mwaka 1995 kuhusu sanaa ya kisasa ya Afrika, yakiwa yamegawanywa kwenye hadithi saba, na Kenya na Uganda wakiwa na sehemu yao. Imepita miaka kama thelathini, na mtu akiandika leo kuhusu wachoraji wa huku kwetu wa kipindi kile bado anakitafuta kitabu chake. Waliokanyaga ukumbi ule kwa miguu yao ni wachache sana ukilinganisha na waliokuja kukisoma baadaye.

Na kwa wewe hasa kuna mfano wa karibu zaidi, tena wa mtu aliyechora kwa vifaa kama vyako, hadibodi na rangi ya kopo. Edward Saidi Tingatinga alichora kama miaka minne tu, kuanzia kama 1968 mpaka alipouawa kwa risasi ya polisi mwaka 1972. Miaka minne! Lakini picha zinazouzwa duniani kwa jina lake ni nyingi mno, na feki zimejaa humo ndani, na wataalamu wanabishana kwa kuangalia saini na mgongo wa hadibodi, kwa sababu wakati anachora pale Dar hakuna aliyekaa chini akaandika orodha kwamba hii ya chui kaichora mwaka huu, ina ukubwa huu, kachukua fulani. Wahenga walisema mali bila daftari hupotea bila habari. Daftari lako ndo hicho kitabu, na daftari halihitaji jalada gumu.

Ndo maana nasema kitu cha kwanza kwenye kitabu chako, hata kabla ya kuwaza kava, ni ile orodha ya nyuma ambayo wasanii wengi wanaiona kama mzigo. Kila picha iandikwe jina lake, mwaka halisi uliochora (usisogeze mwaka ili zionekane mpya, nawajua wasanii), imechorwa kwa rangi gani juu ya kitu gani, na ukubwa kwa sentimita ukianza na urefu wa kwenda juu halafu upana. Andika kama saini iko mbele au nyuma. Zile tano zilizouzwa andika tu "mkusanyiko binafsi", jina la mwenye nayo usiliweke bila ruhusa yake, wapo watu hawataki mtaa ujue wana picha ya bei ukutani. Everlyn Nicodemus, mchoraji aliyezaliwa Marangu mwaka 1954, alifanyiwa maonyesho ya kazi zake za maisha yote pale Edinburgh kuanzia mwaka 2024 akiwa na miaka sabini, na humo zilikuwemo za miaka ya themanini. Maonyesho ya namna hiyo hayapangiki kama hakuna mtu anayejua picha ipi ni ya lini na iko wapi. Wewe una miaka 31, anza sasa.

Twende kwenye uchapaji, manake hapa ndo watu wanapigwa bila kupigwa. Kwa nini kasema kurasa 96? Kwa sababu press ya ofseti, ile mashine kubwa ya kuchapia vitabu, haichapi ukurasa mmoja mmoja, inachapa karatasi kubwa inayobeba kurasa nane upande huu na nane upande ule, ikikunjwa inakuwa kurasa 16, na 96 ni makunjo sita. Kila upande wa karatasi unahitaji pleti nne, yaani bati zinazobeba kile kinachochapwa, moja kwa kila wino, siani (bluu ya samawati), majenta (waridi kali), njano na nyeusi. Kwa hiyo kunjo moja ni pleti nane, makunjo sita ni pleti 48, ongeza na za kava. Pleti hizo utalipia zilezile hata ukichapa nakala mia au elfu, pamoja na muda wa fundi kuiweka mashine sawa. Ndo maana press watakuambia dada ukichapa mia tano kila nakala inashuka bei, na ukichapa elfu inashuka zaidi, na wala hawadanganyi. Wasichokuambia ni kwamba bei ya nakala igawanywe kwa nakala zitakazotoka mkononi mwako. Milioni 9 kwa nakala 500 ni elfu 18 kila moja, inaonekana rahisi. Lakini tuseme umeuza 120 na umegawa 60, ambayo kwa maonyesho ya kwanza ya wiki tatu mimi naiita bahati nzuri, basi kila nakala iliyofanya kazi imekugharimu elfu 50, na 320 ziko kwenye maboksi zinangoja unyevu wa masika na mchwa. Mimi mwenyewe niliwahi kusimamia kitabu cha nakala mia tano, tulikuwa tunashangilia tu bei ya press, miaka minne baadaye tukafungua maboksi tukakuta kurasa zimegandana kama sambusa zilizolala. Kosa lilikuwa langu, mimi ndo nilishauri mia tano.

Kwa idadi ndogo, sema chini ya mia tatu hivi, siku hizi kuna uchapaji wa dijitali ambao hauna pleti kabisa, faili linaenda moja kwa moja kwenye mashine. Kila nakala ni ghali kidogo lakini unachapa 100 leo, zikiisha unachapa 50 nyingine. Kama mtu atakuambia hiyo siyo ya kisanii mwambie habari ya Seth Siegelaub. Huyu alikuwa anasimamia wasanii New York, mwaka 1968 akataka kutengeneza kitabu ambacho ndicho kiwe maonyesho yenyewe, bila ukuta, wasanii saba kila mmoja kurasa 25, na wazo lilikuwa zipigwe fotokopi zote. Akapiga hesabu akakuta fotokopi ya nakala elfu moja ni ghali kuliko ofseti, basi akachapa ofseti, na mpaka leo watu wanakiita kitabu cha fotokopi! Januari 1969 akafanya maonyesho kwenye ofisi ya kukodi na akasema wazi kwamba katalogi, yaani kitabu cha maonyesho, ndo jambo lenyewe, vitu vilivyoko chumbani ni nyongeza. Na kabla yake, 1963, Ed Ruscha alikuwa ameshatoa kakitabu ka picha za vituo vya mafuta, nakala 400, karatasi za kawaida, dola tatu na kidogo. Leo hivyo vyote viwili vinatafutwa na makumbusho, na hakuna hata kimoja kilichokuwa na mbwembwe za jalada.

Pesa iende wapi basi? Iende kwenye picha na kwenye maneno, karatasi ije mwisho.

Picha. Rafiki yako anayesema simu yuko sahihi nusu. Pikseli siyo tatizo tena, picha ya kuchapwa upana wa sentimita 20 inataka kama pikseli 2,400 na simu nyingi za sasa zinafika hapo. Tatizo ni mengine matatu. Lenzi ya simu ni pana, ukisogea karibu hadibodi yako ya mraba inatoka imevimba katikati kama mkate. Simu inajirekebishia rangi yenyewe, inataka kila kitu kipendeze, inaongeza wekundu ambao wewe hukuuweka. Na wewe unatumia rangi ya kung'aa, ile inarudisha mwanga kama kioo, utaona dirisha la chumba, utaona taa, wakati mwingine utajiona mwenyewe na simu yako ndani ya beseni la dagaa. Mpiga picha anayejua kazi ataweka kamera kwenye stendi katikati kabisa ya picha, taa mbili pembeni kila moja kwa nyuzi 45, ataweka filta ya kuua mng'ao kwenye lenzi na kwenye taa, na atapiga shoti moja yenye kadi ya rangi pembeni ili dizaina awe na cha kulinganishia. Siku moja inatosha picha 17, zile tano mnazifuata kwa wenyewe. Halafu tafadhali, mafaili yasitumwe kama picha za kawaida za WhatsApp, inayabana mpaka yanakuwa uji, yatumwe kama dokumenti au yawekwe kwenye flashi.

Rangi nazo jiandae kuumia kidogo. Skrini inatengeneza rangi kwa mwanga, karatasi inatengeneza kwa wino, na kuna rangi ambazo wino nne hauzifiki hata fundi awe bingwa, hasa chungwa kali, kijani cha kuwaka na bluu nzito. Rangi za kopo ni hizohizo. Niliwahi kuletewa bluu ya ziwa ya msanii mmoja ikiwa imetoka zambarau ya uchovu, nakala zote, kwa sababu tuliidhinisha kwa kuangalia kompyuta. Dai pruvu, yaani nakala ya majaribio iliyochapwa, tena kwenye karatasi ileile itakayotumika, ichukue utoke nayo nje kwenye mwanga wa mchana ukaiweke ubavuni mwa picha yenyewe. Na siku ya kuchapa uwepo pale press, kaa kwenye stuli, usione haya.

Karatasi chukua isiyong'aa ya gramu 150 hivi. Jalada gumu achana nalo. Kurasa 40 za kubana kwa pini katikati zinafunguka vizuri na hazina gundi ya kupasuka kwa joto la Dar, basi.

Maneno sasa, na hapa nina ugomvi wangu binafsi. Vitabu vingi vya maonyesho vinakuwa na insha ya mtu mmoja anayezungukazunguka kwa maneno makubwa mpaka unasahau kama kulikuwa na picha. Kipimo changu ni rahisi, futa jina la msanii weka la mwingine, kama insha bado inasomeka sawa basi hiyo haikuandikwa kwa ajili yako. Kwa maonyesho ya kwanza mimi napenda mazungumzo. Mtafute mtu anayeielewa kazi yako, siyo lazima awe kyureta (msimamizi wa maonyesho) mwenye jina, mkae saa mbili mbele ya picha mkirekodi, akuulize kwa nini kina mama wote migongo inaonekana kuliko nyuso, kwa nini nyavu za kuanikia umezichora kwa fedha, nani kati yao ni shangazi yako. Kisha yahaririwe yabaki maneno elfu moja na mia mbili. Mlipe, hata kama ni rafiki.

Na iandikwe kwa Kiswahili. Kiingereza kiwepo pia, kifupi, wanunuzi wengine na makumbusho wanakihitaji, lakini kitabu cha kina mama wa Mwaloni ambacho kina mama wa Mwaloni hawawezi kukisoma mimi kinanikera. Hilo nalo nikuulize, je, wanajua kwamba wamo? Kama umechora kutoka kwenye picha ulizowapiga na sura zinatambulika, waambie kabla kitabu hakijaenda press. Mtu akikuambia hapana, mwache nje ya kitabu.

Tufike kwenye mkataba. Kuna vitu vitatu watu wanavichanganya: hadibodi yenyewe, hakimiliki ya mchoro, na hakimiliki ya fotografia ya mchoro. Aliyenunua picha yako amenunua ile hadibodi, anaweza kuitundika, kuirithisha, kuiuza. Haki ya kuizalisha kwenye kitabu, kadi, fulana au kalenda imebaki kwako, isipokuwa kama ulimsainia kwa maandishi kwamba umemhamishia. Kwa hiyo zile tano una haki ya kuziweka kitabuni, kwa mwenye picha unachoomba ni mlango tu, akukaribishe uzipige, na kama unazitaka ukutani akuazime kwa maandishi na mkubaliane nani anabeba gharama ikikwaruzwa. Lakini mpiga fotografia naye ana haki kwenye fotografia yake, na kumlipa ujira peke yake si hati, kwa hiyo muandikiane mapema kwamba unaruhusiwa kuzitumia popote bila kikomo cha muda na mafaili makubwa yanabaki kwako.

Sasa galari inasema fotografia zote na haki zake ni zao. Maana yake kesho ukitaka kuweka picha yako kwenye kitabu kingine, au gazeti la Nairobi likikuomba faili, unakwenda kuomba ruhusa ya kazi yako mwenyewe, tena umechangia asilimia 60 ya gharama. Hapo usilegee. Sehemu hiyo ibadilishwe isomeke kwamba wewe unaipa galari ruhusa ya kutumia fotografia hizo kwenye kitabu hiki na kwenye kutangaza maonyesho haya, full stop. Ukikuta maneno kama "anahamisha haki zote", "daima" au "kwa njia yoyote itakayogunduliwa baadaye", funga karatasi usiisaini siku hiyo. Mpelekee wakili akusomee, saa moja ya wakili ni rahisi kuliko picha moja, na kabla ya hapo pita COSOTA, ile ofisi ya hakimiliki ya Tanzania, uwaulize, ndo kazi yao. Hili sikushauri ulimalize kwa kusoma majibu ya watu kama mimi mtandaoni, mkataba wako sijauona wote.

ISBN je? Ni namba ya utambulisho, kama namba ya gari. Inasaidia maduka na maktaba kukitambua kitabu, na kwa Tanzania unaipata Bodi ya Huduma za Maktaba. Haizuii mtu kuiba kitu. Hakimiliki yako ilizaliwa siku ulipomaliza kuchora, haikungoja namba. Iombe, ni jambo zuri, kitabu kinaingia kwenye kumbukumbu za nchi, lakini usiilipie mamilioni ukidhani ni askari.

Kwa hiyo ningekuwa wewe ningefanya hivi. Ningemwambia mwenye galari nakubali kitabu, sikubali kitabu hiki. Kurasa 40, dijitali, nakala 150, Kiswahili na Kiingereza, na PDF ya kitabu hichohicho kwa walio mbali, ila mafaili ya PDF yawe madogo kiasi mtu asiweze kuchapia mabango. Gharama tugawane nusu kwa nusu na nakala zigawanywe nusu kwa nusu pia, manake kwenye meseji yako hujasema hizo 500 zingekuwa za nani, na nina wasiwasi hata kwenye mkataba haipo. Makato yako yawe na kikomo, mfano yasizidi robo ya unachopata kwa kila picha, ili hata ukiuza tatu urudi na kitu. Akisema anataka kitabu kikubwa cha jalada gumu kwa sababu galari yake inataka jina, ni sawa kabisa, akigharamie yeye, akupe nakala 30, na mkataba wa haki ubaki kama nilivyosema.

Kuna njia nyingine ambayo wengi hawaifikirii, kitabu kitoke baada ya maonyesho. Kinachotoka siku ya ufunguzi hakiwezi kuwa na fotografia za ukumbi wenyewe, watu wamesimama, picha kubwa ukutani zinavyopangana, na hizo makumbusho wanazipenda sana. Siku ya ufunguzi unakuwa na karatasi moja ya kukunja yenye orodha na bei, na daftari la watu kuandika majina na kulipia nakala kabla. Ukipata waliolipia arobaini unajua uchape ngapi. Ubaya wake ni kwamba maonyesho yakiisha moto unapoa, mpiga picha hapokei simu, mwenye galari ameshahamia kwa msanii mwingine, na nusu ya vitabu vya namna hii havitoki. Wewe ndo unajijua kama ni mtu wa kumalizia vitu. PDF peke yake mimi ningeiweka mwisho. Siyo kwamba ni mbaya, ila mafaili yanapotea na simu, na sijawahi kumuona mtu akimrithisha mwanawe PDF.

Kabla ya kusaini lolote pita pia Nafasi Art Space, kile kituo cha wasanii pale Mikocheni, ongea na wasanii wawili watatu waliowahi kutoa kitabu, waombe wakuonyeshe nakala halisi, uzishike, uzifungue mpaka mwisho uone kama zinapasuka mgongoni, uwaulize press gani na walibakiwa na ngapi. Hilo la mwisho watakujibu wakicheka.

Miezi mitano inatosha ukianza na fotografia mwezi huu. Mazungumzo na uhariri mwezi wa pili, dizaina wa tatu, pruvu wa nne, na ule wa tano uache kwa ajili ya umeme kukatika na dizaina kuuguliwa, manake lazima kimoja kitokee. Nakala zikitoka, kumi zifunge kwenye nailoni zikae kwako na usimpe mtu hata akilia, nyingine chache peleka Maktaba ya Taifa. Halafu zitenge za Mwaloni, na ukienda kuwapelekea nenda wakati dagaa zimeshaanikwa wamekaa chini kivulini, siyo mitumbwi inapoingia, hapo hata ungewaletea dhahabu hakuna wa kukusikiliza.